Watu wa Mbao kutoka Kisawasawa

Katikati ya miaka ya tisini nilikuwa fundi cherehani Mlabani, Ifakara. Nilikuwa na cherehani ya miguu, baraza niliyopanga kwa mama mmoja mjane, na mchumba ambaye bado hakuwa amejitangaza. Alikuwa mwalimu wa Kiingereza sekondari. Alianza kuja barazani kupunguziwa suruali, akaendelea kuja hata suruali zilipokwisha. Majirani walishaanza kuniita mama mwalimu, nami sikuwakataza.

Yeye ndiye aliyeniingiza kwenye mchezo. Shuleni kwao aliwahi kuwepo kijana wa Kizungu aliyefundisha fizikia kwa kujitolea. Muda wake ulipokwisha akarudi kwao, akamwachia mwalimu vitabu viwili vinene na kimfuko cha dadu za ajabu, nyingine zina pande nne, nyingine pande nyingi kiasi kwamba zinakaribia kuwa gololi. Mchezo wenyewe hauna ubao wala mshindi. Mtu mmoja anasimulia safari, na wengine kila mmoja ni mtu ndani ya safari hiyo. Msimulizi anasema, mmefika kwenye daraja bovu, mnafanyaje? Wewe unajibu utakachofanya, kisha dadu inaamua kama umefaulu au umetumbukia. Ni hadithi kama hadithi nyingine, ila hujui mtafika wapi, na anayesimulia naye hajui vizuri.

Tulicheza Jumapili mchana baada ya misa, sebuleni kwa karani wa stesheni. Tulikuwa wanne: mwalimu msimulizi, karani, muuza duka la dawa, na mimi. Mke wa karani hakucheza, lakini mara nyingi alisimama mlangoni na mwiko mkononi akisikiliza, hadi harufu ya kuungua imwite jikoni.

Vitabu vile vilijaa majumba ya mawe na watu waliovaa vyuma. Mwalimu alisema hivyo tuwaachie wenyewe. Akatunga safari ya kwetu. Asubuhi moja watu wa bondeni wanaamka, wanakuta mto haupo. Umeondoka usiku, umeacha mchanga, mitumbwi imelala ubavu, na samaki aina ya kitoga wanapapatika kwenye matope. Kundi la watu linatumwa kuufuata mto kokote ulikokwenda na kuurudisha. Aliposimulia hayo mara ya kwanza, karani alisahau kunywa chai yake. Siwezi kumnyima mwalimu haki yake hapo. Alijua kusimulia.

Shida ilikuwa kujua nani yuko wapi. Mchezo unataka kila mtu awe na kitu mezani kinachosimama badala yake, ili ionekane nani yuko mbele, nani amebaki nyuma na mamba yuko upande gani. Tulianza na vizibo vya soda na maharage. Jumapili moja kuku wa karani aliruka mezani akadonoa harage lililokuwa mganga wa kundi, yaani muuza dawa. Tulicheka sana, lakini yeye hakucheka. Alikuwa amehangaika sana na mganga wake.

"Tunahitaji sanamu," mwalimu alisema. Akafungua kitabu akatuonyesha picha za visanamu vya madini, virefu kama kidole, vimepakwa rangi hadi kwenye vifungo. "Wenzetu wanazinunua dukani."

"Nitazitafuta," nikasema.

Nilisema hivyo kwa sababu nilitaka anione naweza. Lakini nilikuwa na sababu nyingine pia, ambayo sikumwambia mtu. Baba yangu alikuwa mvuvi, akivusha na watu kwa mtumbwi. Nilikulia ndani ya mtumbwi ule nikiwa abiria. Kaka zangu walipewa upondo, ule mti mrefu wa kusukumia mtumbwi, wakiwa bado wadogo hata kuunyanyua hawawezi. Mimi nilipouomba, baba alisema mwanamke akishika upondo samaki wanahama. Basi katika mchezo nilikuwa nimejichagulia kuwa mvushaji, mwanamke mwenye mtumbwi wake, na nilitaka kumwona amesimama.

Nilianzia sokoni, kwa wauza mitumba. Kwenye marobota ya nguo za watoto huwa kunajificha vitu vya kuchezea. Nikapata askari wa plastiki aliyepiga goti, hana kichwa, na ngamia mmoja wa njano. Nikapata pia mwanasesere mwenye nywele nyeupe aliyekuwa mkubwa kuliko mtumbwi wowote ambao tungeweza kuutengeneza. Mwalimu alivipanga mezani, akavitazama, akavirudisha kwenye mfuko.

"Bonde letu lina ngamia?" akauliza.

"Halina."

"Basi tusijidanganye. Watu wawe wa kwetu, wanyama wawe wa kwetu. Kama hatupati, tubaki na maharage."

Nilimpenda zaidi siku hiyo kuliko siku aliyoniletea kanga.

Ndipo mama mwenye nyumba akaniambia habari za mchongaji wa Kisawasawa, aliyemchongea mchi. Nikapanda pickup ya wafanyabiashara wa ndizi, nikashuka huko, nikaulizia hadi nikafika. Alikuwa mwanamume wa makamo, mwenye mafua, amekaa katikati ya mabaki ya mbao akitengeneza mipini ya majembe. Mkewe alikuwa pembeni anapepeta mchele.

"Shikamoo."

"Marahaba. Mpini au mwiko?"

"Nataka watu."

Akaacha kuchonga. "Watu gani?"

"Watu wadogo wa mbao. Urefu wa kidole."

Mkewe akaweka ungo chini. "Wa kumfanyia nani?"

"Wa kuchezea, mama. Ni mchezo wa hadithi."

"Una watoto?"

"Sina. Tunacheza watu wazima."

Jibu hilo halikunisaidia. Mama yule aliinuka, akaja akanitazama vizuri, viatu hadi kilemba. Nikatoa kitabu cha mwalimu, nikawafungulia zile picha. Mchongaji aliangalia kwa muda mrefu huku akivuta kamasi. "Hawa wamevaa masufuria kichwani," akasema. Nikawaeleza habari ya mto uliohama. Nilieleza vibaya, nikarukaruka, lakini nilipofika kwenye mitumbwi iliyolala ubavu niliona mkewe amekaa tena chini na hapepeti.

"Na ulikwenda wapi?" akauliza.

"Bado tunautafuta."

Mumewe akakubali, kwa sharti moja. "Macho sichongi. Mtu akija kuniuliza, nitamwambia nilichonga vijiti. Macho utaweka mwenyewe huko kwenu."

Nilikwenda Kisawasawa mara kadhaa msimu ule. Alichonga watu kwa mabaki ya mninga. Nilimpelekea pia vipande vya mbao laini ya msindano ambavyo mama mdogo alinitumia kwa treni kutoka Uchindile, lakini hakuvipenda, alisema vinapasuka kama biskuti. Kazi ya kuchagua aliniachia mimi. Alikuwa ananimwagia alichochonga juu ya gunia, nami nakaa nageuza kimoja kimoja. Kiboko wa kwanza alitoka nguruwe. Mamba alikuwa mzuri, ila mdomo umefumba, maana kila alipojaribu kuufumbua mbao ilikatika. Kulikuwa na sheshe, yule swala wa bondeni kwetu, mwenye miguu myembamba kiasi kwamba niliogopa kumfunga mfukoni. Nilimkataa mganga wa kwanza kwa sababu alionekana mwoga, nikamchukua wa pili aliyekuwa na bega moja juu, kama mtu aliyezoea kubeba mkoba. Mvushaji nilimrudisha mara nyingi. Mara amekaa, mara upondo mfupi, mara anafanana na mtu anayetwanga. Mwishowe akanitengenezea aliyesimama, goti moja limekunjwa kidogo, kifua kimeegemea upondo. Hivyo ndivyo wavushaji wanavyosimama mtumbwi unapokataa kwenda.

Macho niliyachoma nyumbani kwa sindano ya moto. Niliwavisha kwa mabaki ya vitenge, kaniki na magunia. Mganga nikamshonea mkoba wenye kifuniko kinachofunguka. Nilichelewesha nguo za watu kwa kazi ile, na wateja wawili wakahamia kwa fundi wa jirani.

Mwalimu alipoona sanamu zimepangwa mezani aliinama kuzitazama karibu. Kisha akamshika mvushaji, akamzungusha. "Huyu," akasema, "ataokoa mtu."

Na kweli aliokoa. Jumapili zile ndizo nilizofurahi zaidi maishani. Tulikwenda tukifuata mkondo mkavu, tukapita kwenye kijiji cha watu waliouza kiu yao, tukazungukwa na viboko wenye hasira ya kukosa maji. Mke wa karani sasa alikuwa anavuta stuli na kukaa. Katikati ya safari shangazi yake mwalimu alikuja kutoka Mahenge, akaniletea kitambaa nimshonee gauni. Nilimpima, akanipima na yeye, akauliza kwetu ni wapi, tunasali wapi, mama yangu alizaa wangapi. Nikajua ametumwa kunikagua. Alipoondoka alisema nina mkono mtulivu.

Kisha yule Mzungu akarudi kutembea.

Alikuwa na wiki chache tu, akiwazungukia watu aliowafahamu. Karani akasema aje Jumapili ale kwake, na mimi na mke wake tukapika tangu asubuhi: wali, kambale wa kukaanga, mboga ya maboga. Sebuleni niliwasikia wanaume wanacheka. Nikasikia kitu kinafunguliwa, kisha muuza dawa akisema, "Angalia hata kucha wamepaka."

Nilipoingia na sinia nilikuta sanduku juu ya meza, ndani lina sponji iliyokatwa vishimo, na katika kila kishimo mtu wa madini. Walikuwa wazuri. Sitasema uongo. Waling'aa kama vitu vya kanisani. Upande wa pili wa meza mwalimu alikuwa anafunga watu wangu kwenye karatasi za gazeti, mmoja mmoja, akiwapanga ndani ya boksi la viatu.

"Unawapeleka wapi?" nikauliza.

"Mgeni amewapenda," akasema bila kunitazama. "Tumempa zawadi. Huwezi kupokea kitu kama hiki ukamwacha mtu aondoke mikono mitupu."

"Tumempa?"

Mzungu yule alijua Kiswahili cha kutosha. Akatutazama wote wawili. "Samahani, hizi ni zako?"

Mwalimu akawahi kujibu. "Ni za kundi. Zilikuwa za kuanzia tu, tulikuwa hatuna kitu."

"Mimi naona ni bora kuliko hizi za kwangu," Mzungu akasema. Akavuta boksi, akalisogeza kwangu. "Tafadhali. Chagua unazotaka zibaki."

Sinia lilikuwa bado mikononi mwangu. Karani alikuwa anaangalia sakafu, muuza dawa anaangalia sanduku. Mwalimu alinitazama kwa mara ya kwanza, na macho yake yalikuwa yananiomba nisimwaibishe. Kwetu kitu kilichokwisha kutolewa kwa mgeni hakirudishwi. Na mimi ningesemaje? Ningechukua mmoja, ingekuwa kama nimekubali kwamba wale wengine walikuwa halali yao kutoa. Boksini upondo wa mvushaji ulikuwa umechungulia nje ya gazeti.

"Nenda nazo zote," nikamwambia. "Zimezoeana. Karibu chakula."

Nikaweka sinia mezani. Mgeni alisifu kambale. Nilirudi jikoni nikakaa juu ya kinu, na mke wa karani akanipa maji ya kunawa.

Jumapili iliyofuata tulikaa kuchagua watu wapya. Karani akachukua mpiganaji mwenye ngao. Muuza dawa akachukua mzee mwenye ndevu na fimbo, akawa hataki hata kumweka mezani asije akachubuka. Mwanamke katika sanduku zima alikuwa mmoja tu. Ameshika panga, na nguo yake isingetosha kushonea leso.

"Huyu wako, dada," akasema muuza dawa.

"Utamshonea gauni," mwalimu akasema. "Si fundi wewe?"

Wakacheka, na yeye akacheka.

"Nataka mvushaji wangu," nikasema.

"Mvushaji hayumo kwenye seti hii."

"Basi tutavukaje?"

Akafungua kitabu, akaanza kueleza kwamba sasa tuko mlimani, kuna theluji, kuna ngome ya mawe na mfalme amekufa. Mke wa karani alikuwa ameshavuta stuli yake. Alisikiliza kidogo, kisha akauliza, "Mwalimu, na ule mto?"

"Hadithi ile tumeiacha, mama. Hatuna sanamu zake."

Mke wa karani akainuka, akarudisha stuli jikoni.

Nilivumilia Jumapili nyingine mbili nikiwa yule mwanamke wa panga, nikirusha dadu bila kuangalia imesimama upande gani. Ya tatu sikwenda. Mwalimu alikuja barazani jioni yake, akasimama karibu na cherehani.

"Unaninunia kwa ajili ya vijiti?"

"Hukuniuliza."

"Mbele ya mgeni ningekuuliza nini?"

"Alikuuliza yeye. Alisema, hizi ni zako? Ungesema ni zake fundi. Maneno matatu."

Nilikuwa naendelea kukanyaga cherehani, nguo yenyewe imeshakwisha, nashona mshono juu ya mshono.

"Sikutaka atuone bado tunachezea miti," akasema mwishowe. "Nilitaka aone na sisi tunaweza kucheza kama wanavyocheza wao."

"Yeye alitaka miti."

"Yeye anaweza kuitaka. Kwao madini yapo."

Nilimwelewa. Hilo ndilo lililoniuma zaidi, kwamba nilimwelewa na bado sikuweza kumsamehe. Mtu aliyekataa ngamia kwa sababu bonde halina ngamia, ndiye aliyetuhamishia kwenye theluji siku alipoonyeshwa kitu kinachong'aa. Nilimwambia siku akitaka kunitoa zawadi na mimi, aniulize kwanza. Akasema maneno gani hayo. Akaondoka, na suruali aliyokuja nayo akaondoka nayo.

Nilidhani atarudi. Nilijua njia yake ya kutoka shuleni na saa zake, na nilishona nimeelekea barabarani. Alianza kupita nyuma, njia ya kwenye mashamba ya mpunga.

Mvua zilipokatika nilikwenda Kisawasawa. Nilikuwa nimezungumza na mke wa karani. Yeye na dada yake walikuwa tayari, na mimi ningejaribu kusimulia. Tungeutafuta mto wenyewe. Nilimkuta mchongaji mahali palepale, lakini hakuniuliza mpini au mwiko.

"Usiniletee tena habari ile," akasema kabla sijakaa.

"Kuna nini, baba?"

Mkewe ndiye aliyejibu. Watoto wa jirani walikuwa wameokota kwenye mabaki yule mganga wa kwanza, niliyemkataa kwa sababu ya woga. Wakampeleka kwao. Kuanzia hapo maneno yakaanza. Mara mumewe anachonga watu wasio na macho kwa ajili ya mwanamke wa mjini. Mara wagonjwa wanaletwa kwake kuaguliwa. Wengine walikuja kwa siri wakitaka wachongewe adui zao, akawafukuza, nao wakaenda kusema amewakataa kwa sababu hawana cha kumpa. Ilibidi asimame mbele ya mkutano wa kijiji kueleza.

"Nilieleza habari ya mto," mchongaji akasema. "Wakacheka. Wakaniuliza mto ulikwenda wapi, nikashindwa kujibu. Mimi ni mtu wa mipini. Watu walionizoea sasa wanakwenda kununua mipini Mang'ula."

Niliomba radhi. Akasema haina neno, kwa sauti ya mtu ambaye kwake neno lipo. Mkewe alinisindikiza hadi barabarani, akasimama nami hadi pickup ikaja, lakini alisimama mbali kidogo, kama mtu anayesubiri gari lake mwenyewe.

Mwaka uliofuata mwalimu alihamishiwa upande wa Morogoro mjini, akaondoka na sanduku lake. Karani na muuza dawa hawakucheza tena. Bila yeye walikuwa na dadu tu. Nikasikia anaoa mwalimu mwenzake.

Harusi ilifanyika Mahenge, kwao. Wiki kadhaa kabla yake shangazi yake alishuka barazani kwangu na mabunda ya kitambaa cha zambarau, sare za akina mama wa upande wa bwana harusi. Alisema amezunguka Ifakara nzima na hakuna fundi mwingine anayemwamini. Labda ilikuwa kweli. Labda alitaka tu kuona uso wangu. Nilizichukua. Ilikuwa kazi, na msimu ule kazi ilikuwa haba.

Siku ya kujaribu alivaa lake, akasimama katikati ya chumba changu, nami nikapiga magoti kuweka pini kwenye pindo. Aliniangalia kutoka juu kwa muda.

"Mwanangu," akasema, "huna kinyongo?"

"Ninacho, shangazi," nikasema. "Inua mkono, nione kwapani."

Akainua mkono.